Kiingereza cha Baji

Baji alinifumania nikisoma kazini. Nilikuwa nimekaa kwenye kigoda nyuma ya kaunta, kitabu kimefunguka mapajani, na mkasi mkubwa wa kukatia vitambaa nimeulaza juu yake ili upepo wa feni usinipotezee ukurasa. Duka lilikuwa Fordsburg, mtaa wa Johannesburg. Baada ya swala ya adhuhuri wateja huadimika kama nusu saa hivi, na nusu saa ile niliihesabu kuwa yangu.

Alikuja kutafuta bitana ya kijani, ya kutia ndani ya gauni. Nilimjua kwa sura tu: mwanamke wa Kipakistani wa miaka hamsini na kitu, mrefu, mwenye miwani iliyofungwa kwa uzi shingoni, aliyekuwa akisomesha watoto Kiingereza nyumbani kwake Mayfair. Wapakistani wote wa mtaani walimwita Baji, yaani dada mkubwa, nasi wengine tukafuata.

"Unasoma nini?" akaniuliza. Tulizungumza Kiingereza, kwani ndiyo lugha pekee tuliyokuwa nayo pamoja.

Nikamwonyesha jalada. Ilikuwa riwaya ya mwandishi wa Pakistani, ya Kiingereza, niliyoinunua kwa muuza vitabu vikuukuu. Ilikuwa ya tano au ya sita ya aina ile. Tajiri yangu alikuwa Mpakistani, nusu ya wateja Wapakistani, kutwa nzima nasikia Kiurdu juu ya kichwa changu, na mimi ni mtu nisiyependa kukaa mahali bila kujua watu wanawaza nini. Tanga nilikuwa mwalimu wa sekondari, wa Kiswahili na Kiingereza. Nilipokuja Johannesburg kumfuata mume, na mume akaenda zake, ualimu ulibaki Tanga lakini tabia ya kusoma nilikuja nayo.

"Na umetupata humo?" akauliza Baji.

"Nimewapata matajiri," nikamjibu. "Kila riwaya ina jumba, dereva, mpishi, na kijana aliyerudi kutoka London akiona kila kitu kipya. Watu wazuri, wameandikwa vizuri. Ila hapa Fordsburg sijamwona hata mmoja wao."

Akacheka mpaka miwani ikamdondoka kifuani. Kisha akaacha kucheka, akanitazama kama anayepima kitambaa.

"Mimi ni binti wa karani wa posta," akasema. "Na mimi pia naandika. Kesho nitakuletea."

Akasahau bitana.

Kesho yake kweli alileta bahasha ya khaki, na ndani yake kurasa arobaini zilizochapwa. Ilikuwa hadithi ya mjane wa mji mdogo huko Punjab anayetengeneza achari ya maembe na kuiuza mtaani. Mume amekufa. Shemeji yake anakuja na karatasi iliyoandikwa kwa Kiingereza, anamwambia atie kidole hapa chini, ni jambo dogo la serikali. Mjane hajui Kiingereza. Anamwomba shemeji amsomee kwa lugha ya nyumbani. Anasomewa. Anaomba asomewe tena, kisha tena, na kila mara karatasi inasema jambo tofauti kidogo. Mjane anaendelea kukata maembe. Mwisho anamwambia shemeji aiache karatasi pale juu ya gudulia, ataitia kidole siku itakaposema neno moja.

Niliisoma yote chumbani kwangu Berea, nikairudia. Ilikuwa hadithi nzuri mno. Ila ilikuwa na ugonjwa, na ugonjwa wenyewe niliujua kwa sababu nimesahihisha insha za watoto miaka tisa. Kila baada ya mistari michache hadithi ilisimama ili kueleza. Chapati, mkate bapa wa ngano unaopikwa juu ya chuma cha duara. Achari, kachumbari kali inayokaa miezi. Adhana, wito wa Waislamu kwenda kuswali. Mjane mwenyewe alikuwa akieleza! Yuko jikoni kwake, peke yake, anawaza juu ya chapati kama mtu aliyeiona jana kwa mara ya kwanza.

Baji aliporudi nilimwambia hivyo hivyo.

"Nani kwenu asiyejua chapati?" nikamuuliza. "Huyu mama anamweleza nani?"

Uso wake ukabadilika. Akafungua mkoba, akatoa nakala nyingine ya hadithi ileile, pembeni imejaa wino wa buluu. Wino ulikuwa wa mhariri mmoja wa ng'ambo ambaye Baji alimpelekea hadithi. *Fafanua hapa. Hii ni nini? Rangi zaidi. Mbona hatusikii msikiti?*

"Nimefanya alivyotaka," akasema. "Wewe muuza vitambaa unaona mbaya?"

Neno lile liliniuma. Lakini sikunyamaza.

"Muuza vitambaa ndiye uliyemletea," nikasema. "Mimi si mmoja wenu na si mmoja wao, ndiyo maana ulinichagua. Basi nisikilize. Mimi chapati naijua, achari naijua, adhana nimeamka nayo utoto wangu wote. Ukisimama kunieleza, unaniambia hadithi si yangu."

Alichukua bahasha yake akaondoka bila kuaga. Zikapita wiki tatu. Nilimwona mara moja ng'ambo ya barabara, amesimama kwenye roboti akisubiri taa iwake kijani, na hakunitazama. Sikujuta. Nilihuzunika, lakini kujuta hapana. Mtu akikuletea kazi yake uisome, kumsifia uongo ni kumdharau.

Wiki ya nne aliingia dukani asubuhi, kabla tajiri hajafika, akaweka kurasa juu ya kaunta. Zilikuwa thelathini na tatu.

"Saba nzima zilikuwa maelezo," akasema. "Nilizihesabu. Mwalimu, samahani kwa lile neno."

Tangu siku ile hakuniita kwa jina wala kwa kazi ya duka. Aliniita mwalimu tu, hata mbele ya wateja, na wateja wakashangaa.

Tukaanza kunywa chai pamoja kwake siku za Jumapili, na ndipo nilipomuuliza swali lililokuwa likinikaa kooni. Kwa nini Kiingereza? Kwa nini si Kiurdu?

"Unadhani Kiurdu ni cha mama yangu?" akanijibu. "Mama alisema Kipunjabi. Kiurdu nilichapwa nacho shuleni, kama Kiingereza. Mwalimu wa Kiurdu alikuwa na fimbo ndefu kuliko wa Kiingereza." Akamimina chai. "Huko kwetu barua ya kufukuzwa kazi inaandikwa kwa Kiingereza. Hukumu ya mahakama, Kiingereza. Cheti cha daktari, Kiingereza. Lugha inayotufukuza kazi na kutufunga jela, kwa nini isitusimulie hadithi? Inatudai hiyo kazi."

Nikamweleza kwamba hata mimi bibi yangu alikuwa Mbondei, na Kiswahili alikisema kwa lafudhi ambayo wajukuu tuliigeza tukicheka. Mama yangu alikuwa wa kwanza kuota ndoto kwa Kiswahili. Mimi nilizaliwa ndani ya lugha hiyo, sijui mlango wake wa kuingilia uko wapi. Baji aliniangalia kwa kijicho, na hakukificha.

"Basi nitafsirie," akasema. "Mjane wangu nataka nimsikie kwa lugha ya mtu aliyezaliwa ndani yake."

Nilikubali papo hapo. Nilifanya kazi ile jioni baada ya jioni, mezani jikoni, katika nyumba tuliyopanga Berea pamoja na dada mmoja Mkongomani wa Uvira, msusi wa nywele, mlokole anayeimba kwaya. Yeye alikuwa akipika, mimi naandika, na nikikwama nasoma kwa sauti.

Kulikuwa na mahali mjane anamjibu shemeji yake. Kwa Kiingereza Baji alikuwa ameandika jibu fupi, kavu: hapana, sitii kidole. Nikalitafsiri vilevile. Yule dada akageuka na mwiko mkononi.

"Hapana, dada. Mujane hasemake vile na shemeji yake," akasema kwa Kiswahili chao cha Uvira. "Ataanza kuuliza: watoto banalala je? Bibi yako alipona? Anamupa chai. Kisha njo anamukatalia. Ule mama ana kichwa nguvu, sawa, lakini ana adabu."

"Umemjuaje?" nikamuuliza. "Yule wa Pakistani."

"Ni mama yangu ule," akasema, akarudi kwenye sufuria. "Baba alipokufa, baba mudogo alikuya na karatasi ya Kifaransa."

Nikakaa na kalamu mkononi. Tangu nifike Johannesburg tulikuwa tumekaa nyumba moja na hakuwahi kuniambia habari ile. Alinisimulia usiku ule ule ugali ukipoa: karatasi, muhuri, mama yake akijifanya haoni vizuri. Nilimpigia Baji kesho yake nikamweleza. Baji akaniomba nimtafsirie ule utaratibu wa kuuliza hali, neno kwa neno. Akaurudisha kwenye Kiingereza chake. Kumbe hata Punjab mjane hajibu kwa ukavu ule. Baji alikuwa amemkatisha mjane maneno kwa sababu alidhani msomaji wa Kiingereza hana subira.

Kiswahili kilipokamilika, Baji aliamua kuisoma hadithi mbele ya watu. Tulipata ukumbi mdogo Fordsburg, juu ya mgahawa, Jumamosi baada ya alasiri. Walikuja watu kama arobaini: Wapakistani, Wahindi wa pale pale, wanafunzi wachache, na safu moja ya watu wangu, Watanzania wa msikiti wa Mayfair, pamoja na yule dada wa Uvira aliyevaa kitenge chake cha kanisani bila wasiwasi wowote.

Baji alisoma kwa Kiingereza. Alisoma vizuri, bila haraka. Alipomaliza walipiga makofi, kisha akasimama mwanamume mmoja nyuma. Nilimjua; alikuwa na duka la kutengeneza simu karibu na letu, mtu mkimya na mwaminifu ambaye hata mimi niliwahi kumpelekea simu yangu.

"Baji, kwa heshima," akasema. "Mjane wako hajui Kiingereza. Shemeji anamdanganya kwa Kiingereza. Na wewe umemwandika kwa Kiingereza. Mama yangu yuko kijijini, ni mjane, anatengeneza achari. Hataisoma. Watakaoisoma ni wale wanaotudhani sote ni washenzi. Sasa niambie, wewe na yule shemeji mna tofauti gani?"

Msichana mmoja mwanafunzi, aliyezaliwa hapa Johannesburg, akadakia bila kuinua mkono: "Eish, mjomba, lakini ingekuwa Kiurdu mimi nisingeisoma. Na bibi yangu alitoka huko." Watu wakaguna, wengine kumuunga mkono, wengine kumkanya.

Baji alivua miwani.

"Tofauti ni kwamba mimi sitaki atie kidole," akasema. "Kiingereza nilikipata kwa jasho la baba yangu, sitakiombea radhi mbele ya mtu. Lakini swali lako ni la haki, ndugu yangu. Hadithi haijafika kwa mwenyewe. Kaa, usikie safari yake imefika wapi."

Akaniita mbele.

Sikuwa nimesimama mbele ya watu tangu nilipoacha darasa. Nilifungua karatasi, nikavuta pumzi, na miguu yangu ikakumbuka kazi yake. Nilisoma kurasa tatu kwa Kiswahili. Safu ya watu wangu ikaanza kucheka pale mjane anapouliza habari za watoto mmoja mmoja huku shemeji akihangaika na kalamu yake. Sikutarajia kwamba kule nyuma, kwa Wapakistani, kungetokea minong'ono. Nilipomaliza fundi simu alikuwa bado amesimama.

"Umesema *lakini*," akaniambia. "Sisi tunasema *lekin*. Umesema wakati, umesema dunia, umesema serikali, tayari, gari, achari. Nimeokota maneno kama ninaokota sarafu njiani. Mbona hii lugha ya Waafrika inamjua mjane wangu kuliko Kiingereza?"

Lile neno Waafrika alilisema kwa mshangao ambao sikuupenda, na nikamjibu huku nikitabasamu kwamba sisi tulifanya biashara na watu wake kabla baba wa babu yake hajazaliwa, asishangae sana. Watu wakacheka, na yeye akacheka, akashika kifua chake kuomba msamaha.

"Basi fanya hivi," Baji akamwambia. "Kiurdu changu ni cha shule, kina harufu ya fimbo. Kipunjabi siandiki. Wewe unayo lugha ya mama yako mdomoni. Mpelekee."

Nilidhani yameishia pale. Wiki iliyofuata fundi simu alikuja dukani kumtafuta Baji, akaacha ujumbe kwangu. Alikuwa amechukua hadithi, akaikalia dukani kwake mchana kati ya mteja na mteja, akaisema kwa Kipunjabi kwenye simu, vipande ishirini vya sauti, akamtumia mama yake. Mama alisikiliza vyote. Akajibu kwa sauti pia: alitaka kujua mjane yule ni wa mtaa gani, na kwamba chumvi aliyoitia kwenye maembe haikutosha, yataoza.

Baji aliongeza chumvi. Hilo nililiona kwa macho yangu kwenye kitabu kilipotoka. Mhariri wa ng'ambo aliikataa ile nakala isiyo na maelezo, akaandika barua ya upole kwamba wasomaji wake wangepotea. Baji aliisoma barua mbele yangu, akaikunja, akaniuliza kama mimi mwalimu nilipotea. Nikasema sikupotea. Akaipeleka kwa wachapishaji wadogo wa hapa hapa mjini, nao wakaitoa pamoja na hadithi zake nyingine tano, kwa Kiingereza, bila orodha ya maana za maneno mwishoni. Kiswahili changu tulikitoa nakala, tukakibana pini, na yule dada wa Uvira akakiweka saluni kwake. Wateja walisoma wakisukwa. Nakala moja iliondoka na mteja kwenda Lubumbashi.

Lakini jambo lililonibadilisha mimi lilikuja baadaye, na halikuwa tamu.

Baji aliandika hadithi mpya na kunipa niisome. Ndani yake mlikuwa na mwanamke kutoka pwani ya Afrika Mashariki anayeuza vitambaa Fordsburg. Alikuwa mkimya. Alinukia karafuu. Alitazama mbali akiwaza bahari, na aliposema, alisema kwa methali. Kila mtu katika hadithi alimwendea kupata faraja.

Nilisoma mpaka mwisho. Nilichukua penseli yangu ya kuchorea vitambaa, nikampigia simu aje.

"Mimi natoka Tanga," nikamwambia. "Kwetu ni mkonge. Karafuu nainunua dukani kama wewe. Na lini umeniona kimya?"

Alianza kujitetea kwamba si mimi, ni mhusika tu. Nikamsomea mstari mmoja kwa sauti, ule wa macho yaliyojaa bahari. Niliona jinsi alivyousikia. Akakaa kwenye kigoda changu nyuma ya kaunta, mwanamke yule mrefu, akajifunika uso kwa mikono miwili.

"Nimekufanyia walichonifanyia wa ng'ambo," akasema.

"Ndiyo," nikasema. "Na ulikuwa unanipenda wakati unafanya. Labda na wao wanawapenda."

Akataka kuichana. Nikamkataza, nikampa penseli, tukafuta pamoja. Ile methali ya tatu ilitufanya tucheke wote, kwa sababu hata mimi sikuijua, alikuwa ameitunga. Lakini kila tulipofuta kitu cha uongo palibaki pengo, na kila mara aliniuliza, "Sasa hapa pana nini kweli?" Nikawa ninamweleza, naye anaandika, mpaka nikamshika mkono.

"Acha, Baji. Huyu niachie. Nitamwandika mwenyewe, kwa Kiswahili. Nitakueleza kwa Kiingereza, nawe ukitaka utamtafsiri."

Nilisema vile bila kupanga, na nilipokwisha kusema nilijua ni kweli. Miaka yote ile nilikuwa nikisoma ili nijue wenzangu wanawaza nini, na sikuwahi kudhani yangu yana haja ya karatasi. Baji hakubisha. Alifunga mkoba wake, akasema Jumapili nije na kurasa mbili, na kwamba yeye kwa kusahihisha ana fimbo ndefu.

Nilianza na siku yangu ya kwanza Johannesburg. Niliandika jinsi nilivyoshuka na mabegi mawili, nikauliza njia kwa Kiingereza changu cha mwalimu, nikajibiwa kwa Kizulu, nikaendelea kutembea kichwa juu mpaka nikafika Berea, kwenye nyumba aliyopanga mume. Niliandika vizuri, naweza kusema bila haya. Kabla ya Jumapili nilimsomea yule dada wa Uvira, aliyekuwa mtu wa kwanza kunifungulia mlango siku ile.

Alisikiliza, mikono ndani ya beseni la vyombo, mpaka mwisho.

"Ni muzuri," akasema. "Lakini umeacha kitu. Kichwa haikukuwa juu. Ulifika hapa uko nalia, nikakupa maji, ukavunja glasi."

Nilikuwa nimesahau kabisa ile glasi. Nilivuta kiti, nikachukua kalamu, nikaiandika.